Mlango wa Shaker: pambo kutoka kwa watu waliokataza mapambo

Fundi wa makabati alinionyesha picha kwenye simu yake na kusema neno moja tu: "Shaker." Mlango mweupe, fremu nyembamba pande zote nne, katikati ubao bapa uliozama kidogo. Ni mlango uleule unaouzwa London na Boston, na siku hizi hata Nairobi. Nikamuuliza ile fremu ina kazi gani. "Inapendeza," akasema.

Alijibu kwa uaminifu, na jibu lake ndilo lililonitia mashaka. Maana wenye jina hilo walikataza kitu kisitengenezwe kwa sababu tu kinapendeza. Washaker ni Wakristo waliomfuata Ann Lee, binti wa mhunzi wa Manchester, aliyevuka bahari kwenda Marekani mwaka 1774 na wafuasi wanane. Jina walibandikwa kwa dhihaka, kwa vile walitetemeka na kucheza katika ibada. Waliishi kwa useja, wanaume na wanawake kama ndugu, na mali yote ilikuwa ya jumuiya. Katikati ya karne ya 19 walifikia maelfu kadhaa, katika vijiji vilivyotapakaa kutoka Maine hadi Kentucky. Kanuni zao za mwaka 1845 zilipiga marufuku kingo za nakshi na kornisi za urembo mtupu.

Sasa tuitazame ile fremu. Mbao halisi haitulii. Majira ya unyevu hutanuka, majira ya ukavu husinyaa. Ukichukua ubao mpana ukaubana pande zote, utapinda au utapasuka. Ndiyo maana maseremala wa zamani, hata wasio Washaker, waliunda fremu kwa vipande vinne vilivyoshikana kwa ulimi na tundu, wakachimba mfereji upande wa ndani, wakauchomeka ubao wa katikati bila gundi ili upate nafasi ya kucheza. Mshaker alichofanya ni kuipunguza kazi hiyo mpaka pasiwe na cha kupunguza tena. Lakini mlango wa fundi wangu ni wa MDF, yaani nyuzi za mbao zilizoshindiliwa kwa gundi, na hiyo haitanuki na kusinyaa kwa majira kama ubao. Mara nyingi "fremu" huchongwa kwa mashine juu ya kipande kimoja kizima. Haishiki chochote. Ni nakshi iliyovaa kanzu ya mtawa, na kona zake nne zinadaka mafuta ya jikoni na vumbi.

Na vumbi kwa Washaker halikuwa jambo dogo. Inasimuliwa kwamba Ann Lee aliwafundisha kuwa roho njema haikai penye uchafu, na ukitazama vyumba vyao unaona fundisho hilo limegeuzwa useremala. Ukutani ulipita ubao wenye safu ya vigingi vilivyokerezwa, na jioni viti vilitundikwa humo ili sakafu ifagiliwe bila kikwazo. Viti vilibidi viwe vyepesi basi, vyenye mgongo wa vibao kama ngazi na kalio la utepe uliosukwa, mtu aweze kukinyanyua kwa mkono mmoja. Makabati na droo vilijengwa ndani ya ukuta, pasibaki mvungu wa kuficha takataka. Jengo lao la mawe la Enfield, New Hampshire, lililokamilika mwaka 1841, lina droo 860 za namna hiyo. Wazee wakiegemea nyuma na viti vyao wakakwaruza sakafu, Mshaker George O'Donnell alibuni miguu ya nyuma yenye kigololo kinachozunguka, akapata hataza, yaani haki rasmi ya mvumbuzi, mwaka 1852. Hata yale makasha yao ya umbo la yai, ambayo leo yanawekwa kwenye rafu kama vito, yamekatwa "vidole" kwenye maungio ili mbao nyembamba isipasuke, na misumari yake ni ya shaba kwa kuwa ya chuma ingeshika kutu.

Kwa hiyo wanaolalamika kwamba soko limewaibia Washaker sura na kuacha akili wana hoja. Lakini hoja yao nyingine, kwamba vitu vile vilikuwa vitakatifu hadi biashara ilipovichafua, mimi siikubali. Washaker waliuza! Waliuza mbegu, mifagio, dawa za mitishamba na viti. Huko Mount Lebanon, New York, Robert Wagan aliendesha miaka ya 1870 kiwanda cha viti chenye katalogi, saizi zikipewa namba kuanzia 0 ya mtoto hadi 7, na kila kiti kikibandikwa nembo kwa sababu waigaji walikuwa wameshaingia sokoni. Mwaka 1876 viti hivyo vilionyeshwa kwenye maonyesho makubwa ya Philadelphia. Wala mashine hawakuziogopa: wenzao wa Canterbury, New Hampshire, walipata hataza ya mashine ya kufulia mwaka 1858. Sidhani watu hao wangeikimbia MDF. Huenda wangeinunua kwa malori, kisha wakauliza swali lile nililomuuliza fundi, na mlango ukatoka bapa kabisa.

Kuna jambo jingine ambalo wapenda "usafi wa Shaker" hulisahau, nalo ni rangi. Kanuni hizohizo za 1845 ziliagiza vitanda vipakwe kijani, na nyumba ya ibada ndani iwe ya kibuluu. Vifaa vingi vilikuwa vyekundu, vya manjano, vya buluu iliyokolea. Ile picha ya mbao tupu na ukuta mweupe imetiwa chumvi na waliokuja baadaye: wakusanyaji wa karne ya 20 kama Edward na Faith Andrews, walioanza mwaka 1923, mpiga picha William Winter aliyewapigia picha za nyeupe na nyeusi, na wauzaji waliokwangua rangi ili mbao ionekane. Basi hata huo "ufukara" tunaouiga, kwa sehemu, ni kazi ya kamera. Na ufukara huo una bei: mwaka 1990 Oprah Winfrey alilipa dola 220,000 kwa meza moja ya kazi.

Mfano ninaoupenda wa kurithi vizuri uko Denmark. Mbunifu wa samani Kaare Klint alifundisha wanafunzi wake kupima viti vya zamani, cha Shaker kikiwamo, na mwanafunzi wake Børge Mogensen mwaka 1947 akatoa kiti J39 kwa ajili ya FDB, chama cha ushirika cha walaji. Hakufananisha kila kipimo. Kalio ni la kamba ya karatasi iliyosukwa, mgongo ni kibao kimoja kipana, na nia ilikuwa mfanyakazi wa kawaida aweze kukinunua. Ushirika ukiagiza kiti imara cha bei nafuu kwa ajili ya kila mtu, hapo mantiki ya Mount Lebanon imevuka bahari bila kumwagika njiani.

Upande wa walionyang'anywa, sauti nzito zaidi naiona ni ya Sister Mildred Barker wa Sabbathday Lake, Maine, jumuiya ya mwisho iliyo hai, ambako waumini wanahesabika kwa vidole. Kabla ya kufariki mwaka 1990 aliwahi kusema hataki kukumbukwa kama kiti. Alitaka akumbukwe kwa nadhiri aliyomwekea Mungu. Huo ni ukweli ambao hakuna seremala, hata Mogensen, anayeweza kuubeba. Useja, toba na mali ya pamoja haviingii kwenye mchoro wa kabati, na sisi tuliochukua umbo hatujaomba hata kujaribu.

Mwishowe nilimwambia fundi milango iwe bapa, makabati yafike darini, na ukutani apitishe ubao wenye vigingi kumi na viwili. Akauliza vyote hivyo vya kutundikia nini. Nikamwambia viti. Akacheka, kisha akaandika.