Ziwa likifungwa rejesho halifungwi, sasa hasara abebe nani?

Mwaka 2024 serikali ilifunga uvuvi Ziwa Tanganyika kuanzia Mei 15 mpaka Agosti 15 ili samaki wazaliane, na mimi sipingi kabisa maana sisi wenyewe watu wa Kigoma tulikuwa tunaona dagaa wanavyopungua. Ila marejesho ya mikopo hayakufungwa. Mwalo wa Katonga, pale mitumbwi inaposhusha samaki, kimya, vichanja vya kuanikia dagaa vitupu, meseji ya benki inaingia tarehe ileile kama kawaida.

Naongelea kitu nilichokiona. Shemeji yangu anauza dagaa, alikuwa na mkopo wa milioni 10, nyumba ya Ujiji ndo dhamana, na alishalipa marejesho 8 bila kuchelewa hata siku moja. Ziwa lilipofungwa akaenda mwenyewe kwa afisa mikopo akamweleza, afisa akamwambia we lipa unachoweza, hata laki mbili mbili, ziwa likifunguliwa tutakaa tuongee. Akalipa laki mbili Juni, Julai na Agosti, risiti za wakala zote anazo kazifunga kwenye rambo. Karatasi ya makubaliano hamna. Yule afisa akahamishwa tawi, Septemba notisi ya siku 60 ikabandikwa mlangoni, nyumba itauzwa.

Hasira zangu zote zilikuwa kwa benki, lakini nikisema ukweli benki nayo ina hoja. Pesa ile sio ya meneja, ni akiba za watu, wakiwemo mama zetu waliostaafu. Mkopo ukipitisha siku 90 haulipwi inavyotakiwa unahesabiwa mkopo chechefu, benki inalazimika kutenga pesa kufidia hasara, na Benki Kuu inataka mikopo ya namna hiyo isizidi asilimia 5 ya mikopo yote. Kwa hiyo kwenye mfumo wao laki mbili ya shemeji haikuwa uungwana, ilikuwa pengo linalokua kila mwezi. Na wapo wakopaji wanaoharibu, mtu anachukua mkopo wa biashara anaezekea nyumba, akidaiwa anazima simu, notisi ikija anakimbilia mahakamani kuomba zuio ili tu asogeze siku. Siku hizi Mahakama Kuu ipo hapahapa Kigoma, sio mpaka upande treni kwenda Tabora kama zamani, lakini zuio halitolewi kwa huruma. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969 jaji anaangalia mambo matatu: kuna hoja ya msingi ya kusikilizwa, utapata hasara isiyofidika, na nani ataumia zaidi. Ukishakiri deni unalo na hujalipa, unabaki na pa kushika padogo sana, na riba inatembea kesi ikiendelea.

Pale ninapoilaumu benki ni kwenye ratiba yenyewe. Dagaa wanavuliwa usiku kwa taa, na mbalamwezi ikiwa kali taa hazivuti, watu wanakaa nchi kavu. Pesa ya mwalo inakuja na giza. Halafu mtu huyu unampa rejesho linalolingana kila mwezi tarehe moja kama mwalimu anayesubiri mshahara! Corona ilipoingia 2020 Benki Kuu ilizipa benki nafasi ya kuwapangia upya wakopaji mikopo, kwa hiyo sio kitu kisichowezekana, na ziwa kufungwa lilikuwa jambo lenye tarehe, sio ajali.

Ila kupanga upya sio kusamehewa, hapa wengi wanajidanganya. Chukua mfano wa milioni 10, riba asilimia 18 kwa mwaka kwenye salio linalopungua, miezi 24, rejesho ni kama 499,000. Baada ya marejesho 8 unadaiwa kama milioni 7.05. Ukipewa miezi mitatu ya kupumua riba ikaongezwa kwenye deni, halafu ukaanza miezi 24 mipya, rejesho linashuka mpaka kama 368,000, lakini mpaka umalize umelipa kama laki nane na nusu zaidi ya ambavyo ungelipa. Kwangu mimi hiyo bei inalipika. Nyumba ikishapigwa mnada ni habari nyingine kabisa, sheria ya ardhi inamtaka anayeuza atafute bei nzuri inayopatikana, na ikiuzwa pungufu ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi inachukuliwa hakutimiza wajibu mpaka athibitishe vinginevyo, lakini sheria hiyohiyo inamlinda mnunuzi aliyenunua kwa nia njema. Unaweza kushinda kesi ukalipwa fidia na nyumba isirudi.

Kwa hiyo kwenye hili la shemeji mimi nasema wote wawili walikosea, ila sio sawa kwa sawa. Yeye alikosa kudai barua. Afisa alitoa ahadi asiyokuwa na mamlaka nayo, maana kupanga upya mkopo kunapitishwa na kamati, na yeye analijua hilo, mkopaji halijui.

Shemeji na mkewe, dada yangu, walinusurika kwa barua ya wakili iliyoambatanishwa na zile risiti tatu. Tawi likakubali kukaa mezani kabla siku 60 hazijaisha, ratiba mpya ikaandikwa. Nyumba ni ya familia, kwa hiyo dada yangu alitakiwa kuridhia kwa maandishi. Mara ya kwanza alisainishwa juu ya boneti ya gari, karatasi za Kiingereza, dakika mbili. Safari hii alikaa kwenye kiti akamwambia afisa mpya, "nisomee kwa Kiswahili mwanangu, ukurasa kwa ukurasa", na yule kijana akasoma, ikachukua karibu saa nzima, kila penati ikitajwa dada anauliza ni shilingi ngapi.