Begi la Kukimbilia

Mkimbizi hafundishwi kukimbia. Tangu siku niliyotoka kwetu risasi zikilia, silali bila begi karibu na mlango.

Uhariri wa filamu za hali halisi niliuingia kwa mdomo. Mwongozaji alitafuta mtu wa kumtafsiria mahojiano ya watu wa kwetu, nikaketishwa nyuma ya mhariri nikimwambia, "Hapo usikate, mzee hajamaliza methali." Nadhani alichoka kuzuiwa, maana alinipa kiti changu mwenyewe. Nikawa mhariri msaidizi. Cheo kitamu kukisikia, ila kutwa unalinganisha sauti na picha. Sauti ina mashine yake, picha ina kamera yake, ndiyo maana kile kibao hupigwa pa! mwanzoni. Ukikosea fremu, yaani zile picha moja moja, nne tano kati ya 25 za kila sekunde, midomo na maneno vinaachana kama waliogombana.

Kazi yangu nyingine ilikuwa kulinda nakala. Kanuni yetu ni nakala 3, kwenye vyombo vya aina 2, na 1 ikae nje ya ofisi. Hiyo ya nje niliitia kwenye begi langu jeusi: diski mbili, saa 80 za mahojiano. Kila jioni naondoka nalo.

Isipokuwa jioni ile. Siku ya kukabidhi kazi ilikuwa imetukaba koo, nikazima simu, nikahariri hadi usiku wa manane, nikalala palepale, begi chini ya kichwa. Lilikuwa laini ajabu. Lilinuka pia, lakini sikuwa nimeoga siku mbili, nikajilaumu mwenyewe.

Saa tatu asubuhi king'ora cha moto kikalia. Wenzangu waliinuka polepole. Mmoja hata alirudi kuchukua kikombe chake. Mimi nilikumbatia begi, nikazimaliza ngazi za ghorofa nne, nikafika chini na kuendelea. Eti kuna mahali pa kukusanyika! Nilikuja kusimama mtaa wa tatu. Nikafungua zipu nihakikishe mali: kaptura, soksi, taulo bichi.

Niliporudi nikaambiwa lilikuwa zoezi tu. Msimamizi akanisifu mbele ya wote kwa kutoka wa kwanza, kisha akanigombeza: jina langu lilipoitwa sikuwepo, nusura waite zimamoto waje kunitafuta.

Mwongozaji akaingia, begi langu begani. Mabegi yetu yamefanana kama pacha. Jana yake alibeba langu hadi jimu, akafanya mazoezi na suruali ya kazini, akanipigia simu mara saba.

"Usijali, ndugu yangu," akasema. "Si kanuni inataka nakala moja ilale nje? Imelala nje."

Nikamkabidhi lake. Akatoa taulo, akalikunjua, akaligeuza huku na huku.

"Na hii alama ya sikio je?"