Risasi zilitoka wapi?

Wapenzi wa historia ya vita hubishana hadi usiku juu ya silaha: ipi ilipiga mbali, ipi ilikwama kwenye matope. Mimi nikisoma habari za Romania na Ugiriki huuliza kwanza nani aliyeziuza.

Romania iliingia Vita Kuu ya Kwanza Agosti 1916. Askari wake wa miguu walibeba bunduki ya Mannlicher ya 1893, iliyotengenezwa Steyr, Austria. Mizinga yake mingi ilikuwa ya kampuni ya Krupp, Ujerumani. Na adui ni nani? Austria-Hungaria hiyo hiyo, na Ujerumani nyuma yake! Ni kama kugombana na mwenye duka anayekukopesha unga. Bucharest ilitekwa Desemba. Ilibidi Ufaransa imtume Jenerali Berthelot, silaha za Kifaransa zikafuata, ndipo Waromania wakaweza kuwazuia Wajerumani kule Mărășești mwaka 1917.

Ugiriki nayo ilinunua Steyr: Mannlicher-Schönauer ya 1903, risasi tano ndani ya magazini inayozunguka. Bunduki safi. Hata Bell, yule mwindaji wa tembo wa Karamoja, aliwahi kuitumia. Lakini Wagiriki walikuwa na kiwanda chao cha risasi, na hilo kwangu ndilo kubwa. Waitalia walipovamia kutokea Albania tarehe 28 Oktoba 1940, walikuta jeshi lisilo na vifaru vya maana, ila lenye mizinga ya milimani inayofunguliwa vipande na kubebwa na nyumbu. Aina mojawapo ilibuniwa na afisa wao wenyewe, Panagiotis Danglis. Kwenye milima ya Pindos, nyumbu alifika kifaru kisikofika. Waitalia wakarudishwa ndani ya Albania.

Waromania, kwa upande wao, huchekwa kwamba walikimbia Stalingrad. Si haki. Novemba 1942, safari hii wakiwa upande wa Ujerumani dhidi ya Wasovieti, walipangwa kando ya mto Don wakiwa na mizinga midogo ya milimita 37 na 47, mbele ya vifaru vya Kisovieti vya T-34. Mizinga mikubwa waliyopewa na Ujerumani ilikuwa ya kuhesabika. Na watu hawa walikuwa na mafundi: Brașov ilikuwa ikiunda ndege ya kivita IAR 80. Mzinga wao mzuri wa kupiga vifaru, Reșița wa milimita 75, ulikuja 1943, maafa yameshapita. Agosti 1944 Romania ikageuka upande, na mzinga huo ukaelekezwa kwa Wajerumani.