Toto Cutugno: mara sita wa pili, lakini nani alihesabiwa?

Toto Cutugno, mwimbaji na mtunzi wa Italia aliyefariki Milano tarehe 22 Agosti 2023 akiwa na miaka 80, hatajwi bila hesabu ile: mara sita nafasi ya pili Sanremo, tamasha la mashindano ya nyimbo la Italia. Ilikuwa 1984, kisha mfululizo 1987 hadi 1990, na tena 2005. Ushindi ni mmoja tu, wa 1980, kwa "Solo noi". Waitalia wakambandika jina la wa pili wa milele, na jina likageuka hukumu.

Wanaomkosoa wana hoja. Majina ya nyimbo zake za Sanremo yanatosha kuonyesha alikoegemea: watoto, mama, mapenzi. Ukizisikiliza tatu kwa mkupuo, sukari inazidi chai. "L'italiano", wimbo wake wa 1983, nayo inalaumiwa kwa kuiuza Italia ya kadi ya posta, na tambi zake, ingawa mashairi yake aliyaandika Cristiano Minellono, na ndani yake mna kijembe kuhusu Marekani kujaa kwenye mabango.

Tatizo ni kwamba hesabu ya mara sita inamhesabu mwimbaji, ilhali Cutugno alikuwa kwanza mtunzi. Tazama 1987. "Figli" ilipokuwa ya pili, Fausto Leali alishika nafasi ya nne kwa "Io amo". Peppino di Capri aliimba "Il sognatore", na Ricchi e Poveri "Canzone d'amore". Muziki wa zote hizo ni wake. Nyimbo nne katika shindano moja, kwa sauti nne tofauti, na kumbukumbu inabakiza moja, tena kwa kumcheka! Ongeza "Soli" ya Adriano Celentano na "Monday, Tuesday" ya Dalida, zote za 1979, uone kama neno "wa pili" bado lina maana.

Kipimo kikali zaidi ni "L'été indien" ya Joe Dassin, ya 1975. Ilianza kama "Africa", wimbo wa kundi la Cutugno, Albatros. Pierre Delanoë na Claude Lemesle wakaweka maneno ya Kifaransa, na Afrika ikawa msimu wa majani kupukutika ufukweni. Beti zinasemwa, sauti inapanda kuimba kwenye kiitikio tu. Muundo huo ni hatari: ala zikilegea chini ya maneno yanayosemwa, msikilizaji anabaki na hotuba. Hapa muziki unabeba, na ulibadilishiwa mada nzima bila kuvunjika.

"L'italiano" ina ufundi mwingine. Kiitikio kinatangulia, beti zinafuata, hivyo msikilizaji anajua cha kuimba kabla hadithi haijaanza. Celentano aliukataa, Cutugno akauimba mwenyewe Sanremo 1983, ukawa wa tano. Aliyeshinda usiku ule ni Tiziana Rivale, na leo wachache nje ya Italia wanaweza kuutaja wimbo wake.

Kisha Zagreb, Mei 1990, Eurovision, shindano la nyimbo la nchi za Ulaya. "Insieme: 1992", maneno na muziki vyake mwenyewe, akiwa na miaka 46, ilipata pointi 149. Safari hiyo nafasi ya pili waligawana Ufaransa na Ireland, kwa pointi 132.