Mwondoeni mwizi, lakini mwonyesheni mamangu pa kwenda

Mamangu ni mgonjwa wa figo, husafishwa damu kwa mashine kila Jumanne na Ijumaa. Dadangu hunipigia saa tano asubuhi ya Mombasa, hapa Columbus, Ohio, ikiwa saa kumi alfajiri, kuniambia ametoka mashine salama. Ijumaa moja simu ililia saa sita ya usiku wangu. Nikajua kuna jambo.

"Tumerudishwa," akasema. Kwenye dirisha la mapokezi palibandikwa karatasi: SHA haipokewi, yaani bima ya afya ya umma ya Kenya. Bawabu ndiye aliyewaeleza kuwa kituo kimesimamishwa kwa tuhuma za madai ya uongo. Mama alikuwa ameketi kwenye benchi, leso mabegani, miguu imevimba hata ndara haziingii.

Simtetei mwenye kituo. Mwaka 2025 SHA iliposimamisha makumi ya hospitali nilifurahi. Mtu katibiwa akarudi kwake, anaandikwa alilazwa siku tatu. Mwingine hata hakufika na jina lake limelipiwa. Fedha hizo ni za nani? Ni asilimia 2.75 anayokatwa kaka yangu mwalimu kila mwezi, na ni shilingi 300 za jirani yetu mwenye kibanda cha mahamri. Anayeziiba aondolewe, na akipatikana na hatia afungwe.

Ila nilipoajiriwa huku kuuguza wazee, kabla sijavaa hata sare, mwajiri alilitafuta jina langu kwenye orodha ya serikali kuu ya Marekani, yenye watu na taasisi zilizofungiwa nje ya Medicare na Medicaid, bima za afya za umma za huku. Orodha iko wazi mtandaoni, yeyote aisome. Aliyehukumiwa kwa kuuibia mfuko hufungiwa miaka 5 kwa uchache, na ikiisha harudi vivi hivi, lazima aombe upya. Kwa kawaida barua ya kufungiwa huanza kufanya kazi siku 20 baada ya tarehe yake. Na kuna kifungu nilichokisoma mara mbili nikimfikiria mama: mgonjwa aliyekwisha kulazwa kabla ya siku hiyo, matibabu yake yaweza kuendelea kulipiwa hadi siku 30. Yaani aliyeiandika sheria alimkumbuka aliye kitandani.

Sisemi Marekani ni pepo. Huku nimeona mtu mzima akikataa ambulensi kwa kuogopa bili. Tena wao pia husimamisha malipo kwa tuhuma tu zikiwa nzito. Lakini hilo la siku 30 tungeliweza sisi, wala halitaki utajiri.

SHA inajua mamangu husafishwa wapi na siku gani, maana kila kipindi ndiyo inayokilipia, shilingi 10,650, na alama za kidole chake inazo. Basi siku ile ile ya kukifunga kituo, ashindwe nani kumtumia ujumbe kwenye simu: Jumanne nenda mahali fulani, nafasi yako ipo? Uchunguzi wa mahesabu unaweza kungoja miezi. Figo haingoji wiki. Nami naona amri yoyote ya kumwondoa mtoa huduma ambayo haina orodha ya wagonjwa wake na pa kuwapeleka, isitiwe sahihi.

Jumamosi walivuka feri kwenda kisiwani, mama akiegemea bega la dadangu kwenye mteremko wa kushukia, kumbe mashine zote zimejaa. Jumapili wakazunguka tena. Jumatatu ndipo alipopata kitanda, pumzi zikimpanda, na siku hizo tatu nilikuwa nawaosha wazee wa watu kilomita maelfu kutoka kwake.

Kule kituo cha zamani, kwenye mashine ya pili, alikuwako mzee mmoja wa Mtongwe aliyekuwa akimletea mama machungwa. Dadangu amemuulizia kila kituo walichopita. Namba yake ya simu hatukuwahi kuichukua.