Marufuku ya kufyeka miguu imewagharimu nini Army na Navy

Kila Desemba, kadeti wa West Point, chuo cha jeshi la nchi kavu (Army), na wa Annapolis, chuo cha jeshi la majini (Navy), wanapokutana kwenye futiboli ya Marekani, kejeli ni ile ile: mpira wa kizamani, pasi hakuna, pointi kiduchu. Mwaka 2017, theluji ikimwagika Philadelphia, Army walishinda 14-13 wakiwa wamerusha pasi moja tu mchezo mzima. Wengi walicheka. Wachache walijiuliza kwa nini watu wazima wachague kucheza hivyo.

Jibu liko kwenye mizani. Safu ya mbele ya chuo kikubwa hujaa vijana wa kilo 140 na zaidi. Kadeti hawezi kuwa na mwili huo akapewa cheo cha uofisa, na akihitimu anadaiwa miaka 5 ya utumishi. Mwenye ndoto ya kucheza kulipwa huenda kwingine. Kwa hiyo vyuo hivi hushika mfumo ambao hauhitaji kumshinda jitu, unahitaji kumkwepa.

Kotabeki, mchezaji anayeongoza mashambulizi, anaupokea mpira na kuutia tumboni mwa mkimbiaji wa kati bila kuuachia. Macho yake yako kwa mlinzi mmoja ambaye ameachwa makusudi bila kuzuiwa. Mlinzi akiingia ndani, kotabeki anauchomoa mpira na kukimbilia pembeni. Huko yupo mlinzi wa pili aliyeachwa. Huyu akimvamia, mpira unarushwa kwa mkimbiaji wa pembeni. Walinzi wawili wametolewa mchezoni bila kuguswa, na wazuiaji wawili wamepatikana bure. Ugumu uko pale tumboni: kotabeki akichelewa nukta moja kuuchomoa, mikono minne inaugombania na mpira unaanguka.

Hesabu yake ni ya duka la rejareja. Faida ya yadi 3 na nusu, mara 3, ni 10 na nusu, na zinazotakiwa ili timu iendelee kuushika mpira ni 10. Saa inakwenda, adui amekaa benchi. Septemba 2018 Army walikwenda kwa Chuo Kikuu cha Oklahoma, waliokuwa na Kyler Murray, mshindi wa Heisman (tuzo ya mchezaji bora wa vyuo) mwaka huo, wakaukalia mpira dakika 44 na sekunde 41 kati ya 60. Walifungwa 28-21 katika muda wa nyongeza, lakini uitazame tena ile 44:41. Mchezaji bora wa taifa zima aliachiwa robo saa tu ya kufanya kazi yake.

Sasa, wale wazuiaji wa bure. Mkimbiaji wa pembeni wa kilo 85 hawezi kumsukuma beki wa kilo 105 kifua kwa kifua. Alichokuwa akifanya ni kujirusha na bega kwenye paja, juu kidogo ya goti. Hakuhitaji kumwangusha. Beki akishusha mikono kujikinga, sekunde moja imepotea na mpira umeshapita. Huko ndiko kufyeka. Mwaka 2018 NCAA, chombo kinachosimamia michezo ya vyuo, ilipiga marufuku mbinu hiyo zaidi ya yadi 5 mbele ya mstari mpira unapoanzia. Mwaka 2022 ikamaliza kazi: kufyeka kunaruhusiwa tu ndani ya kisanduku cha katikati, yadi 5 kila upande wa anayeanzisha mpira. Nje ya hapo ni adhabu ya yadi 15, na kwa timu inayoishi kwa yadi 3 na nusu, kuanza na 25 badala ya 10 ni sawa na kuurudisha mpira.

Wanaoitetea sheria wana hoja nzito. Kano ya goti ikikatika, mchezaji yuko nje takriban miezi tisa. Tena makocha wa timu pinzani hawathubutu kufanyisha mazoezi ya kufyekwa, wasije wakaumiza watu wao wenyewe, hivyo beki hukutana na kitu hicho Jumamosi kwa mara ya kwanza, akiwa mbioni. Na anayefyekwa siku ya Army na Navy ni kadeti pia. Goti bovu linaweza kumkosesha kazi ya jeshi.

Ila mstari umechorwa pa ajabu. Aliyekingwa ni beki wa nje, mwenye nafasi ya kumwona mtu akimjia kutoka mbele. Mlinzi wa kati, aliyebanwa kwenye msongamano wa miili, goti lake bado ni halali. Tunaambiwa ni suala la magoti. Ya nani?

Watasema mbona 2024 ilikuwa neema: Army mabingwa wa kundi lao la ligi, kotabeki Bryson Daily akifunga tachidauni 32 kwa kukimbia, na Navy wakawachapa 31-13. Ni kweli. Lakini Army walikuwa wameshahamia mfumo wa kisasa zaidi mwaka 2023, ukawashinda, wakarudi. Na tazama walivyorudi: kotabeki mwenyewe akigonga katikati, ndani ya kile kisanduku, huku mrusho wa pembeni, ule uliokuwa roho ya mfumo, ukipungua. Navy nao walibadili mpishi na mapishi.

Kuirudisha sheria ya 2018, kufyeka kutoka mbele tu na ndani ya yadi 5, kungelipatia goti la beki ulinzi wa maana. Kazi itabaki kwa refa, ambaye ana nusu sekunde ya kuamua kama bega lilitoka mbele au ubavuni, na wanaoitetea sheria ya sasa wakisema hilo ni gumu, hawajakosea hata kidogo.