Komeo la Ndani: Serikali na Ujumbe Uliosimbwa

Mpeketoni, mji wa Kaunti ya Lamu, ilishambuliwa usiku wa 15 Juni 2014, na kufikia siku ya pili watu zaidi ya 60 katika eneo hilo walikuwa wameuawa. Kafyu ikafuata, wavuvi wa usiku wa Lamu wakabaki barazani na nyavu zao. Sisi huku tukijadili kama serikali iruhusiwe kusoma ujumbe uliosimbwa, yaani uliofungwa kwa msimbo asioweza kuusoma asiye na ufunguo, tuanzie hapo. Anayesema hofu ya ugaidi ni kisingizio tu hakuwapo.

Hoja ya vyombo vya usalama inaeleweka. Tangu 2016, ujumbe wa WhatsApp hufungwa ndani ya simu ya mtumaji na kufunguliwa ndani ya simu ya mpokeaji. Kampuni iliyo katikati haina ufunguo. Afisa akienda na amri ya jaji mkononi akitaka maneno yenyewe, hujibiwa kwamba hakuna cha kumpa. Zamani amri kama hiyo ilitosha kusikiliza simu, na leo mtu aliyejificha msitu wa Boni, karibu na mpaka wa Somalia, anaweza kuzungumza na mwenzake aliye mjini, sheria ikibaki nje.

Tatizo liko kwenye dawa inayopendekezwa. Nyumba ya mawe ya Lamu ina mlango wa nakshi unaosifiwa na kila mgeni, lakini kinachomlaza mwenyewe salama ni komeo la ndani. Hata fundi aliyeuchonga mlango, akija saa nane za usiku, atabisha kama wengine. Serikali nyingi zinataka fundi huyo atoboe tundu la siri katika kila mlango, tundu la kujulikana na polisi peke yao. Lakini tundu halichagui mkono. Ugiriki, mnamo 2004 na 2005, watu wasiojulikana walisikiliza simu zaidi ya 100, ya waziri mkuu ikiwamo, kwa kutumia uwezo wa kunasa mazungumzo uliotengenezwa kwa ajili ya polisi.

Kisha Marekani. Mwaka 2016 wapelelezi wa FBI walikwenda mahakamani kuilazimisha Apple iandike programu ya kufungulia iPhone ya mshambuliaji wa San Bernardino, jimbo la California. Mwaka 2024 wadukuzi wanaohusishwa na China wakaingia katika kampuni za simu za huko, wakafikia hata mifumo ya kunasa simu kwa amri ya mahakama. Kufikia Desemba, maafisa wa serikali ileile walikuwa wakiwashauri wananchi watumie ujumbe uliosimbwa!

Kwetu Kenya, Ibara ya 31 ya Katiba inalinda faragha ya mawasiliano, na sheria ya ugaidi ya 2012 inamtaka afisa wa polisi aende Mahakama Kuu kwanza kabla ya kunasa mawasiliano. Marekebisho ya 2014 yaliongeza kifungu kinachovipa vyombo vya usalama nafasi pana zaidi ya kuyanasa. Februari 2015 mahakama ilifuta vifungu 8 vya marekebisho hayo, lakini hicho kikabaki. Na Pwani tunajua jina la gaidi linavyoweza kubandikwa. Mwaka huohuo Haki Africa na MUHURI, mashirika ya haki za binadamu, zilifungiwa akaunti za benki kwa madai ya uhusiano na ugaidi, na mahakama ya Mombasa haikuuona uhusiano huo. Waliopinga mradi wa umeme wa makaa ya mawe wa Kwasasi, huku Lamu, ambao leseni yake ilifutwa 2019, walihitaji kupanga mambo yao bila mtu kuwachungulia. Polisi wakipewa tundu, nani atahakikisha halitumiki kwa watu kama hao?

Kwa hiyo mimi nakubali amri ya jaji juu ya simu moja ya mshukiwa mmoja. Tundu la wote nalikataa. Polisi si vipofu: wana orodha ya nani alimpigia nani, minara ya simu, miamala ya M-Pesa, na simu yenyewe wakiikamata. Tena ripoti ya IPOA, mamlaka huru inayosimamia mwenendo wa polisi, kuhusu Mpeketoni ililalamikia mawasiliano na uratibu mbovu ndani ya polisi wenyewe, na ubovu huo hauponywi kwa kusoma WhatsApp ya mwenye boti.

Lakini kuna siku itapatikana simu iliyofungwa, mwenyewe keshakufa, na ndani yake jina la aliyemtuma. Siku hiyo sitakuwa na jibu la kumpa mfiwa.